Kaseti ya Goreti

Juzi mwanangu alikuja jikoni amevimbisha midomo, ananiambia gemu yake imekataa. Ile mashine yake ya kushika mkononi nilimnunulia ikiwa imeshatumika, na rafiki yake wa shule alimwazima mchezo mpya, wenye kikadi kidogo kama ukucha. Kikadi kinaingia, taa inawaka, halafu kioo kinamwandikia kwamba mchezo huu si wa mashine hii. "Mama, yangu ni ya zamani, haikubali," akasema, kwa uchungu wa mtu aliyedhulumiwa shamba. Nilitaka kumcheka. Badala yake nilijikuta nimekaa kwenye kigoda, mwiko unadondosha mchuzi sakafuni, na puani nanusa plastiki inayoungua, harufu ambayo haikuwamo jikoni kwangu hata kidogo. Ilikuwa inatoka Bangwe, mtaa wetu wa kando ya ziwa, uani kwetu, mwaka ambao meno yangu ya mbele yalikuwa yamekwisha kung'oka na mapya hayajaota.

Wenzangu wa rika langu mnazikumbuka gemu tulizokua nazo. Vile vidude vya matofali yanayoanguka, vimeandikwa kwa nje kwamba vina michezo elfu na kitu, na ndani mna mchezo mmoja unaobadilishwa majina. Yetu haikuwa ile. Yetu ilitoka kwenye robota. Mama alikuwa anauza mitumba ya watoto sokoni Mwanga, na akinunua robota jipya hulifungulia kwanza nyumbani, uani, apate kuchambua kwa nafasi: makoti huku, sweta huku, na zile zilizochoka pembeni kwa ajili ya madekio. Waya ukikatwa, robota linapumua, na ua mzima unanuka dawa ya nondo. Kazi yangu na kaka yangu Shabani ilikuwa kupekua mifuko. Tulishakuta pipi zilizoganda, sarafu za nchi tusizozijua, na mara moja jino la mtoto limefungwa kwenye karatasi, ambalo Mama alilifukia nyuma ya choo. Siku hiyo, kwenye koti la bluu lenye manyoya shingoni, Shabani akatoa kitu cha kijivu, kizito, kinene kama kipande cha sabuni ya mche.

Nataka niseme wazi nilivyoshangaa, maana watoto wa siku hizi wanazaliwa na kioo mkononi na hawashangazwi na lolote. Shabani alimsumbua Mama mpaka akanunua betri. Akazitia, akasukuma swichi iliyokuwa juu, na taa ndogo nyekundu ikawaka pembeni. Kioo kilikuwa na rangi ya maji ya kisamvu. Kikatoa mlio mmoja mwembamba, halafu humo ndani akatokea mtu mdogo ameshika taa, amesimama mlangoni mwa pango, anatusubiri sisi. Ukibonyeza kulia, anakwenda kulia. Nilimwambia Shabani amwache apumzike, atachoka. Alinitazama kama aliyeokota mjinga, lakini sijali, mpaka leo naona nilikuwa na haki ya kumhurumia mtu yule.

Mgongoni mwa mashine palikuwa na tundu, na kwenye tundu imekaa kaseti ya kijivu. Shabani akaichomoa ili anionyeshe, akawasha mashine hivyo hivyo bila kitu, na kioo kikawa kitupu kabisa. Pango hakuna, mtu hakuna. Nilikuwa nimeamini kwamba yule mtu anaishi kwenye mashine. Kumbe mashine ni nyumba tu ya kupanga, na mwenye maisha yake anatembea na kaseti. Nilikosa usingizi wa mchana kwa kulifikiria jambo hilo.

Jirani yetu alikuwa Mama Nepo, mwanamke wa Kirundi aliyekuwa amekaa Bangwe miaka mingi kiasi kwamba watu walimsahau ugeni. Alinunua dagaa mwaloni, wavuvi wanakoshushia samaki, na kuwaanika mchangani, karibu na maji, kisha akawauza kwa wasafirishaji wa gari moshi. Kwake ndiko alikoletwa Goreti, mtoto wa marehemu kaka yake, baada ya kukaa kwenye kambi ya wakimbizi. Alinizidi umri kidogo. Alikuwa hasemi. Ukimsalimia anaitika, ukimtuma anakwenda, ukimchokoza anakutazama tu mpaka uchokozi unakuishia. Mama alisema kimya kingi kina mshindo mkuu, tumwache. Shingoni Goreti alivaa uzi mweusi ulioingia ndani ya gauni, na sote tulidhani ni rozari, maana Mama Nepo ni mtu wa kanisani.

Haikuwa rozari. Siku moja Shabani anacheza gemu kibarazani, mimi nimemwegemea, nikahisi mtu nyuma yetu. Goreti alikuwa amesimama, macho yamemtoka, dagaa wa kutumwa amewasahau mkononi. Akaingiza vidole shingoni, akautoa uzi, na kwenye uzi inaning'inia kaseti. Umbo ni lile lile la yetu. Lakini yetu ilikuwa ya kijivu, haionyeshi kitu, na yake ilikuwa angavu, unaona mpaka tumboni. Aliniruhusu niishike. Niliielekeza kwenye jua nikaona ardhi ya kijani, barabara nyembamba za rangi ya dhahabu zinakata kona, na majumba meusi yamepangwa kwa mistari. Niliona mji, jamani. Nilitafuta watu wake nikawakosa, nikasema labda ni saa ya kulala.

Alinieleza habari zake kesho yake, tukiwa tunageuza dagaa mchangani na kufukuza kunguru. Alizungumza taratibu, Kiswahili kimechanganyika na Kirundi, na kwa kuwa bibi yangu wa Simbo alikuwa akinisemesha Kiha, lugha iliyo ndugu ya Kirundi, nilimfuata bila shida. Gemu ilikuwa ya kwao, baba yao aliileta alipokuwa dereva wa malori. Wazazi walipokwisha kufariki, akabaki yeye, kaka yake Dezire, na bibi yao mzaa mama. Vita vilipofika kijijini kwao, Goreti aliondoka na majirani waliokuwa wanakuja Tanzania, na Dezire akabaki, kwa sababu bibi alikuwa hawezi kutembea. Mwanzoni Goreti aligoma kuondoka. Ndipo Dezire akaichomoa kaseti kwenye mashine, akaifunga kwa uzi, akamvisha.

"Akaniambia, mimi bila kaseti, gemu yangu ni kopo," Goreti alisema. "Na wewe bila gemu, kaseti yako ni kibao. Kwa hiyo lazima tutafutane. Huwezi kunikimbia na mimi siwezi kukukimbia."

Nilimwuliza sasa anataka nini na gemu yetu. Akaniambia anataka kuona Dezire amefika wapi. Kwenye mchezo wao kulikuwa na msafiri anayevuka milima, na siku walipoachana msafiri yule alikuwa amesimama kwenye daraja. Goreti aliamini kwamba Dezire huko aliko bado anamtembeza, na kwamba tukiifungua kaseti tutamkuta msafiri pale pale alipo Dezire sasa. Akiwa bado kwenye daraja, basi Dezire bado yuko kule kijijini. Akiwa amevuka, basi yuko njiani anakuja.

Msimcheke, maana mimi niliamini kabla hajamaliza. Kwetu Bangwe redio ya Mama ilikuwa inashika sauti za Bujumbura na za Kongo ng'ambo ya ziwa, wazi kabisa, bila waya wala kamba. Kama mwanamke anaweza kuimba kule Kalemi, ng'ambo, na mimi nikamsikia nikiwa nakuna nazi, sikuona sababu ya kijana mmoja kushindwa kumsukuma msafiri wake akaonekana kwetu. Nilikwenda mbio kumwambia Shabani kwamba ana jambo kubwa la kufanya.

Kaseti iliingia. Tundu na kaseti vilipatana kama ndugu. Lakini Shabani alipotaka kuwasha, swichi ikagoma. Haikusogea hata unywele. Akaitoa kaseti, swichi ikasogea vizuri. Akairudisha, swichi ikakaza. Hapo nikatoa maoni yangu, na niliyatoa kwa uhakika mkubwa. Mashine yetu ni mzee. Rangi yake ya mvi, sauti yake ya kukwaruza, hata mwendo wake wa taratibu, vyote ni vya mzee. Na kaseti ya Goreti ni kijana wa kisasa, amevaa nguo za kuonyesha mwili, ameingia chumbani kwa mzee bila hodi wala shikamoo. Nani angemkubali?

Goreti aliona nina hoja. Akaishika kaseti kwa mikono miwili, akapiga goti kama wanavyolelewa watoto wa kike wa kwao na wa kwetu, akaiinamisha mbele ya mashine, nami kwa niaba ya kaseti nikasema shikamoo, kwa sauti ya heshima. Tukasubiri kidogo mzee aitikie. Shabani alianguka kwenye mkeka akicheka mpaka akakohoa. Swichi ilikuwa imekaza vile vile.

Shabani hata hivyo hakuwa mtu mbaya. Alikwenda kuuliza kwenye banda la gemu kule Mwanga, ambako vijana walicheza kwa kulipia kwenye televisheni. Akarudi na jibu lililonichanganya zaidi: mashine mpya inazikubali kaseti za zamani, lakini mashine ya zamani haizikubali kaseti mpya. Kwangu hilo lilikuwa kinyume cha dunia. Kwetu mkubwa ndiye anayempokea mdogo, ndiye mwenye nyumba na mwenye chungu. Nilimwuliza Shabani, sasa mzee mwenyewe asipotupokea, mtoto mgeni aende wapi? Akakaa akizilinganisha kaseti mbili, yetu na ya Goreti, akizigeuza geuza, mpaka akaona. Yetu juu kwenye kona ilikuwa na pengo dogo, imekatwa toka kiwandani. Ya Goreti kona zake zote zilikuwa nzima. Ukiwasha mashine, kuna kiulimi ndani kinachotokeza pamoja na swichi na kuingia kwenye lile pengo. Hakuna pengo, kiulimi kinagonga ukuta, na swichi haiendi.

Akasema anayejua kukata angekata. Lakini akasema pia kwamba yeye hakati, kwa sababu hiyo kaseti ikifa hana pa kuipata nyingine, na hataki kubeba mzigo wa watu. Nilimtazama Goreti. Alikuwa ameikamata kaseti kifuani, na nikajua kwamba hicho kitu ndicho alichobaki nacho cha kaka yake, hana picha, hana nguo, hana kingine. Kama ingeharibika, Dezire angekuja na mashine yake aikute haina mwenzake.

Goreti aliingia kwao, akatoka na kile kisu chembamba ambacho Mama Nepo alitumia kutumbulia samaki wa migebuka. Akakichomeka kwenye mkaa wa jiko la Mama, akachuchumaa, akasubiri ncha iwe nyekundu. Hakumwuliza mtu. Kisu kikagusa kona, moshi mweusi ukapanda, na ile harufu ikajaa uani ikaishinda hata dawa ya nondo. Kipande kidogo kikadondoka mchangani. Akaipuliza kaseti mpaka ikapoa, akampa Shabani.

Swichi ikasogea. Taa nyekundu ikawaka. Kioo kikatulia, kikawa kama kinafikiri, halafu badala ya milima na daraja yakatokea maandishi, mistari michache, ya Kiingereza. Hakuna picha wala mlio. Maandishi tu, yametulia kwenye yale maji ya kisamvu. Mimi nilishikwa na woga wa ajabu, kwa sababu mara zote mashine ilituonyesha mchezo, na hii ilikuwa mara ya kwanza inatusemesha.

Shabani, ambaye alikuwa kidato cha pili na Kiingereza chake kilikuwa cha kujikongoja, alisoma kimoyomoyo, akarudia, akatuambia: mchezo huu unachezwa kwenye mashine ya rangi peke yake.

Nilitegemea Goreti alie. Aliuliza tu kama ni kweli yameandikwa hivyo, ya rangi. Shabani akasema ndiyo. "Basi ni yenyewe," Goreti akasema. "Ya Dezire ilikuwa na rangi. Nyasi zake zilikuwa kijani." Akasema tena, kwa sauti iliyopasuka katikati, "Ila Dezire simwoni."

Mama alikuwa amesimama mlangoni na koti mkononi, muda gani sijui. Akauliza Dezire ni nani. Hatukujua kama ni siri, nikamweleza yote, kwa pupa, kaseti, bibi, daraja. Mama alilitupa lile koti juu ya lundo, akajifunga khanga kiunoni, akavuka kwenda kwa Mama Nepo. Tulimfuata. Mama Nepo aliposikia jina la Dezire alikasirika, akasema tusimwamshie mtoto jeraha. Watu walisema kijiji kile kiliteketea, aliyebaki nyuma hakusalimika, na Goreti akiendelea kungoja atakuwa mtu wa kungoja maisha yake yote.

"Umemzika?" Mama akamwuliza.

Mama Nepo akatikisa kichwa.

"Basi hujui. Tumtafute."

Mnajua utaratibu wetu wa kutafuta mtu. Mtoto akipotea sokoni, mbuzi akikatika kamba, mzee akitoka nyumbani akasahau njia, tangazo linapitishwa kwenye spika za msikiti, na kanisani Padri anapomaliza ibada husoma matangazo hayo hayo, na baada ya hapo ni midomo ya watu, wachuuzi, bodaboda, wabebaji wa mwaloni, mpaka habari inafika isikotumwa. Mama alikwenda kwa Maalimu wa msikiti wetu, Mama Nepo, kwa kujikokota, akaenda kanisani. Wakakubaliana maneno, na kwa sababu hakuna aliyekuwa na picha ya Dezire, na sura ya mvulana hubadilika, alama waliyoitoa ikawa ile moja isiyo na mfano. Baada ya swala ya alasiri spika ikakwaruza, na Maalimu akatangaza kwamba anatafutwa kijana wa Kirundi aitwaye Dezire, mwenye gemu ya mkononi ya rangi, dada yake yuko Bangwe. Kila aliyesikia alikuwa na la kusema juu ya hiyo gemu.

Tukangoja. Goreti alianika dagaa akiwa ameipa barabara uso. Walikuja vijana wa kila namna. Mmoja alikuja na kikokotoo. Mwingine alileta kile kidude cha matofali, akaapa kwamba ndiyo ya rangi, rangi imefifia kwa jua. Goreti aliwatazama mara moja tu na kugeukia dagaa wake. Tangazo likarudiwa, Ijumaa na Jumapili, halafu likazoeleka. Mama Nepo hakusema "nilikwambieni", ila alianza kumpa Goreti kipande kikubwa cha samaki kuliko sisi wote, na hiyo ilinitisha zaidi ya maneno. Hata mimi nilianza kumwona Dezire amekwama kwenye lile daraja.

Siku moja tuko kibarazani, Goreti anaichezea kaseti yake, anapitisha kidole kwenye ile kona aliyoikata, anarudia, anarudia. Akasimama ghafla, akaniambia nimpeleke kwa Maalimu. Nilimwambia watoto hatuendi kwa Maalimu hivi hivi, na yeye ni Mkristo isitoshe. Alikuwa ameshatangulia. Nikavuta khanga ya Mama kwenye kamba, nikajifunika kichwa mbio mbio, nikamfuata.

Maalimu alikuwa anatengeneza bawaba ya lango la msikiti, shati limelowa. Nilimwamkia, Goreti akamwamkia kwa goti. Akatuuliza tunataka nini. Nilianza kueleza, Goreti akanikatiza, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

"Tangazo lina makosa," akasema. "Mnamtafuta mwenye gemu. Mimi namtafuta Dezire. Mwambie aje hata kama hana."

Maalimu aliiweka nyundo chini. Alimwuliza, kwa upole, asipokuwa na gemu tutamjuaje. Goreti akasema yeye atamjua. Akasema kaseti yake mwenyewe si nzima tena, na bado yeye ni Goreti. Maalimu akajifuta jasho kwa kiganja, akatuambia twende nyumbani, amesikia.

Alasiri ile nilikuwa uani nakunja sweta. Spika ikakwaruza. Maalimu akamwita tena Dezire kwa jina, akataja kijiji chao, akataja jina la bibi yao, kisha akasema, dada yako Goreti anasema, njoo hata kama huna. Akairudia kwa Kiswahili, halafu, sijui nani alimfundisha, akaisema kwa Kirundi. Sauti ile ilipita juu ya mabati ya Bangwe, ikashuka majini, mimi nimesimama na sweta ya mtu wa Ulaya mkononi. Nilikuwa nimezoea kusikia spika ikitangaza vifo na miandamo ya mwezi. Sikujua kwamba maneno ya mtoto mwenzangu, aliyeyasema akiwa pekupeku mbele ya lango lililoharibika, yanaweza kupandishwa kule juu yakawa makubwa hivyo. Nililia, na sikujua nalilia nini.

Alikuja Jumamosi, jua likiwa limeshapanda. Mama alikuwa anachambua robota. Mtu akapiga hodi nje ya ua wa matete, akakaribishwa, asiingie. Akapiga tena hodi, Mama akainuka kwenda kumtazama. Alikuwa kijana mrefu, mwembamba, fulana imechanika mabegani kwa kubeba magunia. Mikono yake miwili ameitanguliza mbele, viganja vimeelekea juu, ili mtu aone kabla hajauliza kwamba ni mitupu.

"Shikamoo, mama," akasema. "Mimi ndiye Dezire. Sina."

Mama aliitika marahaba, halafu akanionyesha kwa mkono nikamwite Goreti. Sikuwa na haja ya kwenda. Goreti alikuwa ameshafika kwenye upenyo wa ua, magamba ya dagaa yamemganda mpaka viwikoni, na nyuma yake Mama Nepo. Mama Nepo alimwona kijana, akakaa chini pale pale juu ya mkeka wa dagaa wakavu, akawasaga wote, wala hakujali.

Dezire hakumsogelea dada yake. Alizungumza akiwa mbali, anatazama chini, kama mtu aliyeitwa barazani. Alikuwa Kibirizi, bandari ya maboti isiyo mbali na kwetu, miezi mingi, akibeba mizigo. Tangazo la kwanza alilisikia akiwa na gunia begani, akalitua, kisha akalibeba tena. Bibi alimbeba mgongoni mpaka ziwani, akafariki wakiwa wamekwisha kuvuka, upande wa Kongo, na gemu ndiyo iliyonunua mbao na sanda. Akasema aliposikia anatafutwa mwenye gemu aliona hana uso wa kuja, kwamba tungemwona tapeli anayetafuta ugali wa watu, na kwamba Goreti angemwuliza iko wapi.

Goreti alivua uzi shingoni. Alikwenda mpaka mbele yake, akaiweka kaseti kwenye kile kiganja kitupu, upande wa kona iliyoungua ukiwa juu.

"Na mimi nimeikata," akasema.

Dezire aliitazama. Akapitisha kidole gumba pale palipoyeyuka, taratibu, kwenda na kurudi. "Umekata vizuri," akasema.

Goreti akacheka. Miezi yote ile tulikuwa hatujawahi kumsikia akicheka, na kicheko chenyewe kilikuwa kikubwa, cha mtu mzima, na katikati yake kikageuka kilio, akamwangukia kaka yake kifuani na magamba yake yote. Mimi nilikuwa nimeshakimbilia ndani kuchukua mashine yetu, nikidhani sasa ndiyo saa ya kufungua mchezo. Mama alinishika gauni mlangoni, akaniambia nikachochee moto, mgeni hajala. Nikapika ugali wa muhogo na machozi, sijui ya nini. Dezire alikula kwa mkono wa kulia, na Goreti naye kwa mkono wa kulia, na ule wa kushoto alikuwa ameushikiza kwenye pindo la fulana ya kaka yake, na hakuna mtu aliyemwambia aachie.